Kipande Changu cha Mwisho

Jumatatu, 12 Januari
Baridi ya kugandisha ndevu. Nimeshinda maktaba, kwenye meza ya picha ya vipande vya kuunganisha. Kila apitaye huunga kimoja au viwili, na anayeweka cha mwisho hugonga kengele ya Colette, mkutubi wetu, akapigiwa makofi. Thelma Hrycak keshaigonga mara tatu mfululizo. Na kila mara hunitazama mimi! Basi. Nimetia kipande mfukoni. Ni kile chenye paa la ghala la ngano. Zamu hii kengele ni yangu!

Jumatano, 14 Januari
Picha inakaribia kwisha. Thelma kauliza mbona natabasamu peke yangu kama bwana harusi. Nikasema ni meno mapya. Akajibu meno ni mapya, ila uongo ni uleule. Mwache aseme.

Alhamisi, 15 Januari
Balaa! Gari limegoma kuwaka, nimefika nimechelewa. Nakuta maktaba nzima iko magotini. Darasa la wageni wanaojifunza Kiingereza limeacha masomo. Marivic, aliyekuja juzijuzi tu kutoka Ufilipino, yuko chini ya kabati, zinaonekana soksi tu. Nikauliza kulikoni. Vipande viwili vimepotea!

Viwili? Mimi nimechukua kimoja! Kuna mwizi maktabani!

Nikapiga magoti nami. Nikamwona Thelma, magotini, kaukumbatia mkoba. Tukatazamana. Nikaelewa. Atakayetoa kwanza ndiye atakayekosa kengele. Nikasubiri. Akasubiri.

Kisha mzee Nestor, ambaye hajainama tangu apasuliwe goti, akaanza kuinama. Akaguna kwa maumivu. Colette akasema hafungi mlango leo mpaka vipatikane. Roho ikaniuma. Tangu Ruth wangu afariki, watu wangu ni hawa. Nikapiga kelele, “Hiki hapa!” Eti kilikuwa chini ya zulia. Nikakiweka.

Papo hapo Thelma naye akaona chake, eti ndani ya glavu. Kengele! Makofi! Nestor kashangilia kuliko wote. Nami nikapiga, viganja vikawaka moto.

Thelma akanikatia pai yake ya tufaha, kipande kikubwa. Akaninong'oneza: “We Orville, wizi unataka subira.” Pai ilikuwa tamu, sikatai.

Ijumaa, 16 Januari
Colette kafungua picha mpya. Thelma kaniwekea kiti karibu naye, mkoba wazi mapajani. Funzo la jana limeniingia sawasawa. Mwizi wa kipande kimoja ni mjinga: akikitoa, hana tena cha kugongea kengele.

Nimechukua viwili.