Msituulie Mjomba Kabla Hatujala

Wembley, London
Jumamosi, 3 Novemba 1973

Mheshimiwa Mkuu wa Michezo ya Kuigiza ya Televisheni,

Nakusalimu kwa heshima zote, ingawa vidole vyangu vimekufa ganzi kwa baridi, sababu utaijua. Naandika Kiswahili kwa kuwa Kiingereza changu kinatosha kununulia vitunguu, hakitoshi kulalamikia. Bwana Talib, Mpemba anayepanga barua hapo ofisini kwenu, atakusomea. Akiruka mstari, mwambie arudi.

Mimi ni Hansa, mke wa Ramesh, mzaliwa wa Mombasa. Tuko watu wanane, bafu moja, boila moja ya kuchemshia maji, na boila yenyewe inaogesha watu wawili, wa tatu awe mfupi. Tafadhali usilisahau hilo.

Namlalamikia, au tuseme namlilia, mwigizaji wenu wa Kihispania, Bwana Evaristo Lanzuela. Ni yule wa pembeni mwenye masharubu, ambaye jina lake hupita mwisho kabisa, watu wameshainuka kutia chai.

Kwanza, mnamwua mno. Mlimfanya mpishi Mgiriki, akafa kwa supu yake mwenyewe. Mkamfanya nahodha Mturuki, akasukumwa baharini. Mkamfanya padre, akaangukiwa na kengele. Padre, jamani! Na yule kijana wenu mwenye meno mengi anapigwa risasi arobaini, hata kifungo cha shati hakimtoki.

Pili, marehemu huyo ni mjomba wetu. Usicheke. Mwezi wa Agosti mlimfanya Mhindi mwenye duka. Kilemba alikifunga kama bandeji, lakini alipomwamkia mteja aliunganisha viganja, akainama taratibu, na mama mkwe wangu akapiga ukelele kwamba huyo ni Jayanti mtupu. Jayanti ni kaka yake wa pekee, alikuwa na duka Jinja. Tangu Wahindi wafukuzwe Uganda mwaka jana, hatujui ni nchi gani iliyomwokota. Na wiki ile ilikuwa ya raki, ambapo kwetu dada humfunga kaka yake uzi mkononi. Mama alikuwa na uzi wake siku tatu, hana mkono wa kuufunga. Basi akautia kwenye bahasha pamoja na kipande cha barfi, kitamutamu chetu cha maziwa, akampelekea Mhispania kwa anwani yenu. Kwetu uzi ukishatoka, udugu umefungwa.

Tatu, ndugu akifa, nyumba nzima huoga, mwili na nywele, kabla mtu hajagusa chakula. Nilimwambia Mama huu ni mchezo tu. Akaniuliza kama nilikuwepo walipomzika. Nikaenda kuwasha boila. Basi huoga Mama, akafuata Ramesh, wakafuata watoto na mashemeji, na mimi mkaza mwana wa mwisho, kwa maji ya kugandisha samaki. Mwezi wa Oktoba peke yake nimeoga misiba mitano! Ramesh aliwahi kuitwa kutoka kazini Hayes aje aoge. Watoto wananiambia kwa Kiingereza chao kwamba shuleni wanasifiwa kwa usafi. Mzigo wa mwenzio kanda la usufi, Mheshimiwa.

Nne, na hapa sina mzaha: Mama analia kweli. Wiki hii anamzika kaka yake, wiki ijayo anamwona mzima, askari wa Meksiko, anashangilia na kugawa peremende, na kabla hajamaliza kugawa mmeshampiga risasi. Ana miaka sabini na moja. Naogopa moyo wake hautahimili.

Kwa hiyo naomba awe nyota, asife kabisa. Ikishindikana, avunjike mguu tu. Ikiwa lazima afe, afe Jumapili asubuhi, boila imejaa na sisi tumeshiba. Au mwueni yule wa meno. Hatumjui, hatumwogei.

Wasalimie wote hapo, mpaka mbeba kamera, na anayempaka Bwana Lanzuela damu mwambie apunguze.

Ni mimi, niliye mwisho wa foleni ya bafu,
Hansa

Nyongeza: Sijabandika stempu, tarishi kaleta bahasha. Ndani mna picha ya Bwana Lanzuela, na mkononi mwake uzi mwekundu wa Mama, umeshaanza kupauka. Nyuma ameandika, mtoto akatusomea, kwamba barfi ilikuwa tamu. Kwamba na yeye ana dada kwao Hispania ambaye hajamwona miaka mingi. Na kwamba wakimwambia avue uzi kazini huuficha ndani ya mkono wa shati, akafa nao hivyo hivyo.

Mama ameibusu picha, kisha amenigombeza. Anasema kazi ya kaka yake ni kufa, msipomwua atakula nini? Basi yafute yote hapo juu, Mheshimiwa. Mwueni tu. Leo jioni mmetangaza atakuwa mwizi wa farasi, nami nimewasha boila tangu saa nane. Mama amesema safari hii nioge wa kwanza.