Maiti Aliyetoa Mvuke

Jumatatu, 4 Novemba

Jamani, nimepata! Wakala wangu, Bernice, kapiga simu asubuhi: nacheza karani wa benki kwenye tamthilia mpya ya majambazi, hapahapa Hamilton. Nikauliza, vipindi vingapi? Akakohoa. Kimoja. Napigwa risasi hata kabla ya matangazo ya biashara. Nimeduwaa! Miaka thelathini ya kuigiza, nimekuwa polisi, kasisi, daktari wa mifugo, na sijawahi kufika kipindi cha pili. Faraja moja tu: Lorne Petrie, mwenye upara kama wangu na tumbo kama langu, aliitaka nafasi hii akaikosa. Kanitumia ujumbe: kafe salama, kaka. Kijicho hicho.

Jumatano, 6 Novemba

Baridi ya kukata masikio. Hadithi yenyewe iko Chicago, mwezi wa Julai, kwa hiyo wamefagia theluji yote barabarani, wakanilaza chini na shati la mikono mifupi. Mwongozaji wetu, Odile, akaniambia ninyonye barafu, mdomo upoe, pumzi isitoe mvuke. Maiti hapumui, Murray, mpenzi, akasema.

Hapo wazo likanijia. Anayepumua hajafa! Asiyekufa lazima arudi! Nikaitema barafu ndani ya kola. Walipopiga picha ya mwisho, jua likizama, nikashusha pumzi moja ndefu. Mvuke ukapanda kama wa birika. Wote walikuwa wanaitazama damu ya bandia. Hakuna aliyeona.

Ijumaa, 8 Novemba

Wameona! Bernice alikuwa anapiga kelele kwenye simu, sikio bado linauma. Picha nyingine zote zimeharibiwa na theluji iliyokuwa ikidondoka, ikakatika kwenye ile ya mwisho tu, ndiyo pekee inayofaa. Waandishi wamesalimu amri. Karani hakufa! Ndiye shahidi mkuu, vipindi sita! Nimelia jikoni kwa furaha. Nikampigia Lorne mwenyewe, asije akasikia kwa watu. Akasema hongera, kaka, kumbe kupumua nako ni kipaji.

Jumanne, 12 Novemba

Siamini. Siamini kabisa! Polisi wanamficha karani. Ili majambazi wasimtambue, kafanyiwa upasuaji wa uso. Na uso mpya ni wa Lorne! Nikampigia Odile. Akanijibu kwa upole kwamba mtu aliyeshindwa kufa dakika moja bila vituko haaminiki kwa vipindi sita. Baadaye Lorne kanipigia, kanishukuru kwa kumfufua. Nimekaa kwenye ngazi na mabuti yangu ya theluji mpaka miguu ikafa ganzi.

Alhamisi, 14 Novemba

Kazi mpya! Mtu aliyekufa maji, kipindi kimoja, ufukweni Ziwa Ontario. Bernice kaniapisha kwa jina la marehemu mama yangu nitulie kama gogo. Nimeapa. Lakini nimetafakari sana kosa langu, na hatimaye nimelijua: mvuke hauna sura, ndiyo maana wakambandika Lorne. Safari hii nitafumbua jicho la kushoto, ndilo zuri zaidi, na nitaiangalia kamera mpaka wanitambue.