Nilivyopimwa Damu kwa Niaba ya Ukoo

Jumatatu, 14 Julai 2025

Baridi ya kukata masikio. Wanaume wa Kongo, mtaa wetu wa hapa Kawangware, Nairobi, hawanyoi nywele mwezi wa Julai, wanazitunza kama blanketi. Nimefunga duka langu la kinyozi mapema nikaenda Kibera kwa dada yangu Mercyline. Heri ningebaki nikinyoa hewa.

Mpwa wangu Billy ametoka hospitali jana. Vidole vimevimba kama maandazi, macho ya manjano. Halii. Mtoto wa miaka minne ameshajua kwamba kulia hakusaidii! Nimemfanyia sura ya nyani mpaka shingo ikakwama. Akacheka kidogo. Ushindi.

Daktari ametaja jina: sikoseli. Chembe za damu zinajikunja kama mundu, zinakwama mishipani, ndiyo maumivu. Hauambukizi. Mtu anazaliwa nao.

Anazaliwa nao kutoka kwa nani? Hilo ndilo swali la Mama Mildred, mama mkwe wa dada yangu, aliyefika kutoka Siaya na mfuko wa omena, dagaa wa ziwani, na hukumu mkononi. Anasema kwao haupo. Basi umeletwa na jamwa, yaani mtu wa nje, yaani dada yangu, yaani sisi watu wa Busia. Jumamosi kuna kikao cha familia hapo hapo nyumbani. Ikionekana ni Mercyline, arudi kwao, mtoto abaki.

Oloo, mume mtu, aliangalia viatu vyake tu. Viatu vyenyewe si vya kuangaliwa.

Mercyline aliendelea kumkanda Billy vidole kwa kitambaa cha maji ya moto, kimoja baada ya kingine.

Mimi nimefika Juba. Nimenyoa makanali wenye bastola mapajani, na hakuna aliyetoka na kidonda. Kikao cha Kibera kitanishinda?

Jumanne, 15 Julai

Nimepata dawa yake! Ilinijia nikinyoa kidevu cha mtu, karibu nimtoe na mdomo.

Nitapimwa mimi. Mimi na Mercyline tumetoka tumbo moja, tumelala mkeka mmoja, tumechapwa na fimbo moja. Damu yangu ikiwa safi, yake ni safi, na ya ukoo mzima hadi kwa babu. Balozi mmoja anatosha.

Nikapiga simu kwa Ogola, baba mdogo wa Oloo, seremala wa Kibera anayevaa koti la suti hata akipiga randa. Nikamwambia kama ni mwanaume aje naye apimwe kwa niaba ya upande wao. Akasema yeye hapimwi na mtu wa kuku, jina wanalotupachika sisi Waluhya. Nikamwambia basi watu wa samaki, Waluo kama yeye, wanaogopa sindano. Akauliza ni saa ngapi.

Kufikia jioni stage yote ya 56, kituo chetu cha matatu, ilikuwa inajua. Makanga ananipigia saluti, "Balozi, niaje!" Immaculate, wa saluni ya mkabala, amesema wazi kwamba nimechanganyikiwa. Alisema kwa mapenzi. Mwanamke asiyekupenda hawezi kuvuka barabara ile, matope yale, ili tu akutukane.

Alhamisi, 17 Julai

Tumepimwa, hospitali ile ile ya Billy. Sista Kamene, nesi mfupi mwenye sauti ndefu, aliniuliza napimwa kwa sababu gani. Nikajibu: kwa niaba ya ukoo. Akanitazama. Akasema ukoo hauna mshipa. Nikamwambia atoboe tu.

Tone la kidole, majibu unangojea hapo hapo. Ogola akaitwa kwanza. Kawaida. Neno ndilo hilo, kawaida! Nikamhurumia.

Halafu mimi. Sista akasema, "Wewe, Wabwire, kwa jeni hii ni heterozaigasi."

Nikasimama! Nilimwomba arudie ili Ogola asikie vizuri. He-te-ro-zai-ga-si. Silabi sita! Kuna wachungaji hawajawahi kutamka neno la uzito huo. Sista alieleza mambo mengi baadaye, lakini wakati huo nilikuwa namtazama Ogola akifunga vifungo vya koti, nikifurahi.

Nimelitumia neno mchana wote. Mteja akilalamika kwamba nimemkata vibaya, namuuliza kama anajua anaongea na nani. Jamaa wa kioski cha mayai sasa ananiita Hetero.

Jioni Mercyline akapiga. Sauti kama ya mtu aliye ndani ya pipa. Ogola aliuliza maana ya neno mlangoni, nilipokuwa nimeshatangulia kwenda kutangaza. Lina maana kwamba nimebeba jeni ya sikoseli. Amempelekea Mama Mildred habari akikimbia, na koti lake. Balozi wa Busia amekiri, upande wao ni safi.

Dada yangu aliniuliza swali moja tu. "Ni nani alikutuma?"

Sijala. Kwanza nilidhani ni hasira. Sasa naona ni aibu, tumbo haliwezi kutofautisha.

Ijumaa, 18 Julai

Mercyline ameanza kupanga nguo. Zake upande mmoja, za Billy upande mwingine. Nimeona soksi moja ya mtoto ameishika, hajui aiweke wapi. Nikatoka nje. Moshi wa makaa uliniingia machoni. Jiko lilikuwa limezimwa.

Nikaenda moja kwa moja kwa Sista Kamene nikamwambia anibadilishie majibu, aniandike kawaida kama Ogola. Alicheka mpaka akakaa. Halafu hakucheka tena.

Akanieleza upya, pole pole, kama anayelisha mtoto uji. Kila mtu ana nakala mbili za maagizo ya kutengeneza damu, moja ya baba, moja ya mama. Nakala zote zikiwa nzuri, wewe ni kama Ogola. Zote zikiwa na kasoro ile ya sikoseli, wewe ni kama Billy. Moja nzuri, moja yenye kasoro: huyo ndiye heterozaigasi. Haumwi ugonjwa. Anabeba tu, na anaweza kumpa mtoto.

Nikamuuliza, kwa hiyo mimi kama heterozaigasi wa kwanza wa Kawangware... Akanikatiza. Akasema neno hilo si cheo. Halisimami peke yake: lazima useme heterozaigasi wa jeni gani. Binadamu ana jeni maelfu, na hakuna mtu asiyekuwa heterozaigasi mahali fulani. Hata Ogola. Hata yeye Sista. Na haliwezi kusemwa kuhusu ukoo, wala kabila. Ni la mtu mmoja, jeni moja. Ndugu wawili wa tumbo moja wanaweza kutofautiana.

Silabi zote sita nilizisikia zikianguka chini.

Nikamuuliza, sasa nani alimletea Billy? Akashangaa kwamba bado nauliza. Billy ana nakala mbili zenye kasoro. Moja imetoka kwa mama. Nyingine imetoka wapi, kwa jirani? Akasema hakukuwa na haja ya kupima wajomba. Mtoto mwenyewe ndiye jibu: wote wawili wamebeba, Mercyline na Oloo. Na walielezwa hivyo siku ya kwanza hospitalini, Oloo akapimwa pale pale.

Oloo alijua! Viatu vile! Na dada yangu alikuwa akingoja mumewe aseme mwenyewe.

Nilitaka kwenda kumpiga. Nimefika kwake, nimemkuta amembeba Billy mgongoni akimzungusha chumbani, akimwimbia kwa Kijaluo, na mtoto amelala na mdomo wazi. Nimerudi Kongo bila kupiga mtu. Kesho nitamaliza kisomi.

Jumamosi, 19 Julai

Kikao. Mama Mildred kitini, Ogola na koti kando yake, Oloo kwenye stuli, Mercyline mlangoni na begi. Billy kitandani, nyuma ya pazia.

Mimi nilikuja na maharagwe. Meupe na mekundu, nimeyachagua mwenyewe. Mpango ulikuwa wa kitaalamu: kikombe cha baba, kikombe cha mama, kila mmoja anatoa punje moja. Hata mjinga angeelewa.

Ogola akauliza maharagwe ya Kijaluo ni yapi. Nikamwambia hakuna maharagwe ya Kijaluo. Akasema kwa hiyo Waluo hawana hata maharagwe? Nikasema rangi haina kabila. Akauliza basi mbona mabaya ni mekundu, rangi ya nguo yake ya kanisani. Nikampandishia sauti, akanipandishia koti. Vikombe vikamwagika. Majirani wakasogea ukutani kusikiliza, na ukuta wenyewe ni bati.

Mama Mildred akainua mkono. Akasema ameona ya kutosha. Mercyline achukue begi.

Hapo Oloo akasimama. Sijawahi kuona mtu akisimama polepole vile. Hakunitazama mimi wala maharagwe yangu. Akamwambia mama yake, "Mama, na mimi ninabeba. Nilipimwa. Nusu ya ugonjwa wa Billy imetoka kwangu. Akienda Mercyline, unifukuze na mimi."

Akasema alinyamaza kwa kuogopa. Basi. Hakujitetea.

Ogola akafungua mdomo, aseme kwamba yeye alipimwa ni kawaida. Mama Mildred akamwambia anyamaze. Kisha akaongea, lakini si na sisi.

Akasema kabla ya Oloo alizika wawili. Msichana na mvulana. Vidole vilivimba hivi hivi, macho ya manjano hivi hivi. Watu wa nyumba wakamwambia ni chira, laana ya aliyevunja mwiko, aseme ni upi. Alitafuta kosa lake miaka yote. Alikiri hadi mambo ambayo hakuyafanya.

Majirani wakasogea mbali na ukuta.

Akauliza, kwa sauti ndogo, kama ile damu inaweza kutoka kwa mama bila mama kufanya kosa lolote. Swali lilikuwa langu kujibu. Mimi ndiye mtaalamu. Mercyline ndiye aliyejibu. Aliweka begi chini, akapiga magoti mbele yake, akasema, "Ndiyo, Mama. Bila kosa lolote."

Wakalia wote wawili. Ogola akavua koti. Kumbe shati la ndani halina mikono! Siku nyingine ningecheka wiki nzima. Nimeokota maharagwe chini ya kiti ili nipate pa kuangalia.

Jumanne, 22 Julai

Mama Mildred ameahirisha safari. Analala kitanda kimoja na Billy, anampa maji kila mara kwa kijiko, amemshonea soksi nzito. Amemwambia Mercyline ampeleke kwa Sista Kamene, naye apimwe. Ameanza kuniita mwalimu. Sikumsahihisha. Si vizuri kubishana na wazee.

Jumatano, 23 Julai

Immaculate alivuka barabara akiwa hana tusi. Nikaogopa.

Akakaa kiti cha wateja. Akasema amesikia yote, na amekwenda mwenyewe kumuuliza Sista. Akaambiwa kwamba aliye na nakala moja yenye kasoro, malaria haimkamati sana, ndiyo maana kasoro hiyo imejaa kwetu sisi wa ziwani na magharibi. Kisha akasema yeye amekulia Budalang'i, mafuriko mlangoni, mbu kama kuku, na maisha yake yote malaria haijawahi kumlaza. Ndugu zake wote iliwalaza. Yeye hapana.

Nikamwambia hiyo ni samaki na ugali wa muhogo. Hakucheka. Akasema anataka apimwe Jumatatu, kabla hatujaongea mambo ya nyumba na watoto. Akanishika mkono. Nikasema ndiyo, bila shaka, hata mimi ndivyo nilivyowaza.

Ijumaa, 25 Julai

Sijalala, nimefikiri. Na nimeelewa funzo lote la familia ile.

Oloo na Mercyline, majibu yaliwakuta wapi? Wameshaoana! Ndiyo maana walishikana. Wangepimwa wakiwa wachumba, kila mtu angekwenda kwao na begi lake. Kwa hiyo kinachomwokoa mtu na majibu mabaya ni kuoa mapema.

Nimeenda kwa Walubengo, kaka yake mkubwa Immaculate, anayeuza misumari na mabati hapo 56. Nimemwomba apokee wazee wangu wa posa kesho, Jumamosi, haraka, bila maelezo mengi. Amekubali. Jumapili kanisani tunatangazwa, jioni mabegi yake yako kwangu Kongo. Jumatatu aende akatobolewe kwa amani. Majibu yakitoka yatamkuta ni mke wa mtu.

Sista Kamene ana elimu ya damu, simkatalii. Lakini hii ya ndoa hakuifundishwa. Nitamweleza siku tukimpelekea mtoto wetu.