Ndoo Juu ya Bati

Jumatatu, 4 Machi
Barua imefika. Mshahara wangu utakatwa theluthi moja kila mwezi mpaka nistaafu, kufidia mashine ya kurudufu mitihani. Eti niliiharibu kwa uzembe! Mashine iliharibiwa na mvua, kupitia paa nililoripoti ubovu wake hadi mate yakanikauka. Makamu wa mkuu wa shule, ambaye sote tunamwita Bwana Kanuni, alinikabidhi barua kwa mikono miwili kama anayetoa zawadi. Maisha yote ya chaki, halafu nistaafu na jina la mharibifu!

Hapa nifafanue, maana wengi hawajui. Mwajiri hakukati mshahara hivi hivi tu. Kwanza akueleze kosa, kisha akusikilize, ndipo aamue. Usiporidhika, unakata rufaa. Mimi sikuitwa wala sikuulizwa. Nilimweleza mke wangu haya yote akichambua mchele. Akasema, mume wangu, hayo kawaambie wao, mimi sijakukata.

Jumanne, 5 Machi
Mpwa wangu, binti wa dada, ni wakili. Aliisoma barua akiwa amesimama. Akasema, Mjomba, hoja yako ni moja: hukusikilizwa, ukurasa mmoja unatosha. Ukurasa mmoja! Mimi utangulizi peke yake ulikuwa umefika kurasa tisa, na nilikuwa bado kwenye chimbuko la haki. Akauliza kama nataka kushinda au kufundisha. Nikamjibu vyote viwili. Mke wangu alicheka mpaka akashika ukuta.

Nimetia saini ukurasa aliouandika mpwa wangu. Shingo upande.

Jumatatu, 18 Machi
Rufaa imepokelewa! Jopo litakuja shuleni keshokutwa na kukaa katika chumba kilekile cha mashine. Mpwa wangu ameniagiza: kaa nje kwenye benchi, ukiitwa uitike, ukiulizwa ujibu kwa kifupi. Basi.

Na ushahidi je? Bila mvua, nani ataamini kwamba paa linavuja? Mbingu ni nyeupe pe, hata wingu la kusingizia hakuna. Lakini mgaagaa na upwa hali wali mkavu. Nimeazima ngazi kwa mtunza bustani. Aliuliza ya nini. Nikamwambia ya kisheria.

Jumatano, 20 Machi
Nilikuwa juu ya bati na ndoo yangu ya maji mapema kabisa. Kufikia saa nne bati likawa la moto! Magoti yameungua. Chini nikasikia naitwa. Nikanyamaza, mtego haupigi hodi. Nikaitwa tena. Nikamimina.

Mayowe!

Nilipoingia, mwenyekiti wa jopo alikuwa anakamua tai. Bwana Kanuni alifoka, mnamwona, huyu ndiye anayelia hakusikilizwa, ameitwa weee hakuitika! Moyo ukanishuka hadi kwenye soksi. Mpwa wangu alikuwa amefumba macho. Mwenyekiti akaniuliza nilikuwa wapi. Nikasema ukweli: paani, Mheshimiwa, nikiwasilisha kielelezo.

Mama mmoja wa jopo akaangua kicheko, na mwenyekiti naye akashindwa kujizuia.

Makato yamefutwa! Shule iliamua kabla ya kuniita nijieleze, na hilo halikubaliki. Wakitaka kuanza upya, waanze kwa kunisikiliza, tena katika chumba kikavu. Mpwa wangu akaninong'oneza kwamba hoja ilikuwa imeshakubalika kwenye karatasi, na kwamba ndoo yangu nusura iiharibu. Akanifuta uso kwa kitambaa chake. Mtoto mzuri. Bado mchanga katika mambo ya ushahidi.

Alhamisi, 21 Machi
Mpishi wa shule naye amepata barua: akatwe mshahara kwa gunia la mchele lililoliwa na panya wa stoo. Maskini! Nilimtuliza, nikamfafanulia haki zake zote mpaka ugali wa wanafunzi ukaungua. Mpwa wangu amemwandikia ukurasa mmoja. Nimemwambia mpishi kwamba ukurasa ni mwanzo tu. Jopo hushawishika kwa macho.

Jioni hii mke wangu ameuliza ni nini kinachokwaruza ndani ya sanduku chini ya kitanda. Nimemwambia alale salama. Ni mashahidi.