Jozi ya Raba kwa Dishi la Mjomba

Jumatano, 4 Machi

Leo nimeiingiza saluni ya Mjomba katika karne hii. Peke yangu! Lile dishi la juu ya paa, kwaheri. Mechi sasa zinakuja kwa mtandao, kutoka simu yangu hadi kwenye televisheni, waya mmoja tu. Mjomba aliuliza kama nina hakika. Nikamwambia anyoe vichwa, ya ndani ya vichwa aniachie mimi.

Dishi na king'amuzi chake nimebadilishana na Babu Gundi, fundi viatu wa ng'ambo ya barabara. Kanipa raba nyeupe, karibu mpya. Maskini mzee, anadhani kapata! Nimecheka mpaka nikakaa chini.

Alhamisi, 5 Machi

Mechi ya kwanza. Saluni imejaa. Picha safi, hata jasho la kipa unaliona. Mchezaji wetu anaweka mpira apige kona. Ghafla, ng'ambo: Gooooli! Babu Gundi anacheza, kiatu cha mteja mkononi.

Nikasema mzee kachanganyikiwa. Kona ikapigwa. Goli.

La pili, vilevile. Mwalimu wa hesabu, kanyolewa upande mmoja tu, akatazama saa yake. Sekunde thelathini na tano, akatangaza. Mtandao wa huyu kijana unakuja kwa miguu. Akavuka barabara na kitambaa shingoni. Wengine nyuma yake. Tukabaki mimi, Mjomba na nywele.

Mjomba hakufoka. Hilo ndilo lililonitisha. Alisema polepole kwamba Jumapili ni fainali, na mambo yakiharibika tena, Jumatatu narudi shule, darasa lile lile nililolitoroka, dawati moja na mdogo wangu. Mimi! Mwenye ndevu saba!

Ijumaa, 6 Machi

Majaribio. Spika mlangoni, muziki hadi mwisho, ili kelele za Babu Gundi zisiingie. Hazikuingia. Wala Mjomba hakumsikia mteja akisema apunguzwe pembeni tu. Kamnyoa kipara. Mteja anaoa kesho.

Jumamosi, 7 Machi

Akili yangu inanitisha. Kama goli linafika kwa wengine kwanza, si nami nilipate kwanza? Nimechukua redio ndogo ya Mama. Waya sikioni, kofia juu. Mechi ya mchana nikafumba macho, nikasema kwa sauti nzito: naona nyavu zinatikisika. Nusu dakika, goli! Dereva wa lori kanipigia saluti. Sasa wananiita Nabii. Mwalimu, ambaye siku hizi hatoki bila kofia, kaahidi kuja kesho. Ana upande wa kumalizia.

Jumapili, 8 Machi

Fainali. Saluni pomoni, watu mpaka dirishani. Babu Gundi peke yake na misumari yake! Dakika ya themanini na nane, bila bila. Mtangazaji wa redio akapasuka: gooo! Nikaruka juu ya kiti. Goli letu linakuja, nikawaambia, lisipokuja ninyoeni kipara! Watu wakakumbatiana kabla. Wakarukaruka kwenye viti. Sikioni, kimya. Betri imekwisha.

Picha ikafika. Mpira wavuni, kweli kabisa. Kisha mkono wa mwamuzi juu. Mfungaji kaotea.

Ng'ambo, Babu Gundi alikuwa ameshasikitika, ameshanyamaza, sasa anatucheka.

Mwalimu alishika mashine mwenyewe. Akaninyoa upande mmoja, akaniacha hivyo robo saa, nionje. Nikajitetea kwa Mjomba kwamba saluni si ilijaa? Akakubali. Akaniomba nihesabu viti vilivyobaki na miguu minne.

Jumatatu, 9 Machi

Shule. Dishi limerudi juu ya paa, raba zimerudi kwa Babu Gundi. Nimekuja na ndala za Mama. Mdogo wangu kachora mstari katikati ya dawati, kasema nisivuke, Nabii.

Lakini hawa watu wamebaki nyuma! Bado wanagonga kengele ya chuma kwa mkono! Wakati wa mapumziko nikamweleza Mwalimu, yule yule wa hesabu: chuma kiondolewe, ije kengele ya mtandao, ilie kwenye simu, kila darasa, kwa wakati wake. Akanitazama kama sekunde thelathini na tano. Hakusema hapana.

Nimepita kwa Babu Gundi, nikamweleza uzito wa kile chuma. Anasema zile raba bado anazo.