Sekunde Nne za Baba

Jumatatu, 4 Machi

Nimempata! Siku kumi na moja napekua makopo ya filamu ghalani, kuwatafutia watu wa televisheni picha za zamani, mafua yamenishika kwa vumbi. Leo, kwenye mkanda wa kiwanda cha nguo, nani anatoka getini? Baba! Sekunde nne. Anacheka huku anafunga kifungo cha shati. Masikio ni haya haya yangu, maskini. Picha zake zote ziliungua na nyumba. Mama hajaiona sura yake miaka thelathini. Nimemwambia Ijumaa atamwona. Akauliza avae nini.

Jumanne, 5 Machi

Balaa! Miwani, mpekuzi mwenzangu, katia mguu ghalani. Kazi yetu moja, ila yeye hupewa kila mkanda anaoutaka na mimi huambiwa nisubiri. Naye anataka picha za kiwanda hicho hicho! Mashine ya kunakili ni mbovu mpaka Alhamisi. Nimuachie baba yangu? Thubutu! Alipoenda chooni nikautumbukiza mkanda kwenye kopo lililoandikwa "Imeoza". Filamu ikioza hunuka siki, hakuna anayefungua. Kichwa ninacho.

Alhamisi, 7 Machi

Mashine imepona. Rafu tupu. Nikamuuliza mtunza ghala. Akasema, bila hata kuinua uso, kwamba makopo yaliyooza yalichomwa jana, yasije yakaambukiza mazima.

Nilikaa sakafuni nikalia kama mtoto. Baba nimemzika mara ya pili, kwa mikono yangu. Miwani akaniletea chai, nikamweleza yote. Akasema akili nyingi huondoa maarifa. Akasema pia alihitaji sekunde mbili tu za cherehani, na zile za baba angeninakilia bure. Chai nilikunywa.

Ijumaa, 8 Machi

Mama kaja na gauni la bluu, kajipaka poda. Ningemwambiaje? Nikamwekea mwanamume mwingine, geti lingine, mkanda mwingine. Macho yake si mazuri siku hizi, nilitegemea hilo. Kaangalia mara tatu. Kasema siye, mwanangu, baba yako hakuwahi kutembea kwa haraka hivyo. Nikamwambia kweli. Hakunigombeza, na hilo ndilo limeniuma. Akaomba nimrudishe yule mgeni, maana huenda na yeye ana mtu anayemtafuta. Tukamwangalia mpaka walinzi wakaja kufunga.

Jumatatu, 11 Machi

Jamani! Mkanda mwingine! Mechi ya mpira, mwaka ule ule, jukwaa limejaa wafanyakazi wa kiwanda kile. Baba hakukosa mechi hata moja. Kabla sijaufungulia, nasikia Miwani anakohoa mlangoni. Wikiendi nzima nimelitafakari kosa langu na nimelijua: nilichagua kopo baya. Huu nimeuficha kwenye kopo lililoandikwa "Tupu".