Kijiji cha Kwa Stambuli

Jumatatu, 1 Julai 1907
Serikali inachora ramani! Bwana Mpima amefika huku milimani, kijijini kwa mke wangu, na mimi Stambuli ndiye mkalimani wake. Vijiji vya bondeni vimeandikwa kwa majina ya wakubwa wao. Basi hiki kitaitwa Kwa Stambuli. Jumbe Pazi anataka kiitwe Kwa Pazi. Pazi! Hata hilo jina lake hajui kuliandika.

Jumanne, 2 Julai
Kero tupu. Bwana Mpima haniamini. Anauliza watu wawili, kila mmoja peke yake. Wakipatana ndipo anaandika. Nimempa jirani yetu Andrea tumbaku, na jirani mwingine, Chausiku, nimempa chumvi, wote waseme Kwa Stambuli. Mke wangu Mwaisha kauliza chumvi yake iko wapi. Nimemjibu ni mambo ya serikali.

Jumatano, 3 Julai
Imeandikwa! Kwa wino! Pazi kanuna. Lakini Mjomba Mwinjuma, mkubwa wa ukoo wa Mwaisha, alikuja akakataa hata kukaa. Nilimwamkia shikamoo mara tatu, akanipa mgongo. Kasema ardhi hii ni ya ukoo wa mama zao, mimi nimeoa tu hapa, ni mgeni. Akauliza: mgeni gani anaibandika nyumba ya watu jina lake?

Jumanne, 9 Julai
Barua ya boma. Mkubwa wa Kwa Stambuli alete watu ishirini kulima barabara, keshokutwa alfajiri. Lo! Nimemkimbilia Pazi. Eti yeye si mkubwa tena, mkubwa ni yule wa kwenye ramani. Halafu akaniamkia shikamoo, mzee mzima yule, mbele ya watu!

Jumatano, 10 Julai
Nimeteremka bomani Morogoro kuomba walifute jina. Karani kasema ramani imeshakwenda Dar es Salaam, itachapwa Ulaya. Nisipoleta watu nitalazwa chini, viboko khamsa wa ishirini. Njia nzima ya kupanda nimevihesabu, moja mpaka ishirini na tano.

Alhamisi, 11 Julai
Mjomba katoa watu, kwa sharti nitamke mbele ya ukoo mzima kwamba hapa sina hata shina la mgomba. Nimetamka. Chausiku alicheka mpaka akakaa chini. Kisha nikapewa jembe kama wenzangu. Malengelenge mikono yote! Mwaisha kanikanda, kaniapisha: habari za majina basi. Nimeapa, tena kwa moyo wote.

Ijumaa, 12 Julai
Bwana Mpima kasema mwezi ujao anaandika majina ya mito.
Mto hauletewi barua ya boma. Mto haulimi barabara. Tumbaku ya kumpa Andrea ipo. Chumvi tu ndiyo sijui Mwaisha kaificha wapi.